Koti la Shemeji

Jumatatu, 3 Machi

Mimi ndiye mpiga gitaa hodari kuliko wote waliopata kukanyaga jukwaa la mji huu. Andika hivyo, kalamu, usione haya. Nyuzi sita nilizifanya zilie, zicheke, ziombe radhi. Wanawake walizimia. Wanaume walirudi makwao kimyakimya wakauza magitaa yao.

Na leo imethibitishwa na mtaalamu. Amekuja binti mmoja, kamera begani, miwani mikubwa, viatu vya mwanaume. Shikamoo Mzee. Marahaba. Akakaa bila kungoja kiti kifutwe vumbi — nikampenda papo hapo. Anatengeneza filamu za kweli, zile zisizo na waigizaji, na hii ni ya muziki wa zamani uliosahauliwa. Amekuwa akichimbua kwenye hifadhi ya ile redio ya zamani, chumba kilichojaa kanda na mavi ya popo. Humo kakuta vitu viwili. Kanda za sauti za bendi yetu ya wakati ule. Na mkanda wa sinema wa bendi hiyo hiyo ikipiga — picha tu, bubu kama samaki.

Kwenye picha wamo wanaume wanane, suti za rangi ya maziwa. Saba amewapata majina, wote marehemu. Wa nane, mwenye gitaa, hakuna anayemjua. Amezunguka na picha yake mji mzima mpaka akafika kwa kinyozi wangu. Kinyozi akasema: masikio hayo nayazunguka kwa mkasi kila mwezi, nenda kwa yule fundi cherehani mstaafu, nyumba yenye geti la kijani.

Akafungua kompyuta. Jamani! Nilikuwa mzuri! Shingo ya twiga, nywele mlima. Na nimesimama tuli kama sanamu. Binti akasema hajaona mpiga gitaa wa zama zile aliyesimama kwa utulivu namna ile. Mzee, historia imekusahau. Nikamwambia historia ndivyo ilivyo, haijafunzwa adabu kwao.

Akauliza: ni wewe kweli?

Nikasema: ni mimi.

Na ni mimi. Yule pale kwenye picha ni mimi, hata kiapo nakula.

Haya. Kwa kuwa humu hasomi mtu: gitaa sijui hata linakunwa wapi. Mimi ni fundi cherehani. Suti zile nane nilizishona mimi, basi. Na huo utulivu? Pini! Koti lile lilikuwa kubwa mno kwangu, wakalibana mgongoni kwa pini tangu kola hadi makalio. Ungetikisika wewe?

Aliyepiga gitaa kwenye zile kanda, kila wimbo, ni dada wa mke wangu. Shemeji. Yuko hai. Tena sasa hivi yuko jikoni anagombana na jokofu.

Jumanne, 4 Machi

Habari ya jokofu ni hii. Shemeji ana sikio lisilovumilia. Tangu mumewe afariki anakaa chumba chetu cha uani, na tangu aje nyumba nzima inaishi kwa amri ya sikio lile. Jokofu linanguruma, feni ya sebuleni inavuma, na kwake yeye vitu hivyo viwili "havielewani". Ameweka kadibodi chini ya mguu mmoja wa jokofu ili libadili sauti. Geti likilia anatoka na mafuta ya kupikia. Nikiimba bafuni anabisha hodi, anauliza nani kaumia.

Gitaa alijifunza kwa kaka yao, kwa wizi wa macho. Kaka anapiga, yeye kakaa mkabala naye na kipande cha ubao mapajani, anafuata vidole, kama mtu anayejitazama kwenye kioo. Matokeo yake, siku aliyoshika gitaa la kweli alilishika kinyume. Shingo ya gitaa upande wa kulia. Nyuzi nyembamba juu, nene chini. Kaka akacheka. Halafu akaacha kucheka. Bosi wa bendi alipomsikia, hakuuliza hata anaitwa nani.

Redioni hapakuwa na shida. Redio haina macho. Kisha akaja bwana mmoja wa sinema, kofia kubwa, kuipiga bendi picha. Wakati huo Shemeji ana mimba imefika puani. (Yule aliyekuwa tumboni sasa ana upara, mkuu wa shule, na mwenyewe amevimba kama tumbo alilotoka.) Koti lake nilikuwa nimemshonea kama ya wenzake, ila nililiachia nafasi ya mtu na nusu. Bwana Kofia akasema tumbo lile haliingii kwenye picha yake. Bosi akageuka kutafuta mwanaume yeyote. Nilikuwa pale, pini mdomoni.

Shemeji alivua koti mwenyewe, akanivalisha. Simama hapo shemeji yangu, akasema, bendi isikose picha kwa ajili yangu. Una jambo lako dogo kwangu. Siku utakayoliomba, sikatai.

Jambo hilo sijaliomba mpaka leo! Nimelitunza kama yai. Mara ngapi nimetamani kulitumia — aache kubisha hodi bafuni, aniachie kile kiti cha dirishani. Mke wangu, ambaye humu ndani ni Jemadari, anasema nitazikwa nalo.

Jioni nimewaeleza wote wawili habari za Binti Kamera. Jemadari kacheka mpaka kashika ukuta. Shemeji hakucheka. Kaendelea kuchambua maharage. Kasema sinema ilitaka mwanaume mwenye tai, ikampata, iendelee naye.

— Lakini Shemeji, huyu anamtafuta aliyepiga.

— Anamtafuta aliyeonekana. Ukilitaja jina langu kwa huyo binti, nahamia kwa mwanangu.

Kwa mwanawe! Kwa Upara, ambako chakula hakitiwi chumvi na televisheni haina ruhusa ila taarifa ya habari. Nikajua hatanii.

Alhamisi, 6 Machi

Nimepelekwa chumba cha kazi cha Binti Kamera. Juu ya duka la rangi, ngazi zinanuka tapentaini. Chumba hakina dirisha. Skrini mbili, feni moja, vikombe vya kahawa vilivyoota ukungu. Kanda za hifadhi kazipanga ndani ya boksi la sabuni, akizigusa anavaa glavu. Nikamuuliza kama zinauma.

Kazi yenyewe: anaivisha ile picha bubu sauti ya kanda. Bendi ile ile, wimbo ule ule, kwa hiyo lazima vioane. Ndivyo anavyoamini maskini. Ngoma zinaoana. Tarumbeta zinaoana. Gitaa sasa! Mkono wangu unapanda, sauti inashuka. Sauti inakimbia, mimi nimepumzika. Pahali pamoja gitaa linalia kwa uchungu wa kutoa machozi na mimi najikuna sikio.

Akanigeukia. Mzee, hapa unafanyaje?

Nikamwambia hapo ndipo ufundi wenyewe ulipo.

Akaandika!

Lakini hana raha. Amekata shauri kwamba mashine ya Bwana Kofia ilikuwa mbovu, ikinasa kwa mwendo usio sawa. Basi anaipunguza picha kasi, kidogo kidogo, mpaka mkono wangu uikute sauti. Sasa nimeoana na gitaa, sawa. Ila mpiga ngoma anapiga kama mtu aliye chini ya maji, na mwenye tarumbeta kavimbisha mashavu tangu mwanzo hadi mwisho bila kushusha pumzi. Bendi nzima inazama ili mimi nielee! Nilicheka mpaka kikohozi kikanishika. Naye akacheka. Hajui anachekea nini.

Yupo na rafiki yake, mwalimu wa muziki. Mimi namwita Profesa wa Nyuzi, hubeba gitaa mgongoni kama kobe na gamba lake. Anasema mpigo ule amejaribu kuuiga miaka na miaka, vidole vinagoma. Mkono wa kawaida ukishuka unaanza na nyuzi nene, unaishia nyembamba. Wangu mimi — wangu! — unaanza na nyembamba. Akanishika kiganja akakitazama kama mpiga ramli. Anaomba nimwonyeshe, aone kwa macho yake. Jumamosi ya wiki ijayo, nyumbani kwangu, kamera ikinasa.

Nikasema bila shaka yoyote!

Mdomo huu utanizika kabla ya siku zangu.

Ijumaa, 7 Machi

Nimefunga bandeji vidole vitatu. Nimempigia simu Binti Kamera: sindano. Pole sana Mzee! Mara huyo kaja na kamera, kavipiga picha vidole vyangu dirishani, mwanga ukitoka ubavuni. Anasema hiyo itakuwa picha ya huzuni kuliko zote.

Jemadari akapita na ndoo: Sindano ipi tena? Huyu hata vifungo vyake namshonea mimi.

Mikrofoni ilikuwa imezimwa. Nadhani ilikuwa imezimwa.

Jumapili, 9 Machi

Leo mambo yameharibika.

Binti Kamera kaja na spika ndogo. Anataka kuninasa nikisikiliza zile kanda. Uso wa mzee anayejisikia alivyokuwa kijana, anasema, ni dhahabu. Nikauandaa uso. Nilijaribu nyuso tatu mbele ya kioo, nikachagua ule wa mtu aliyekumbuka mchumba.

Shemeji yuko jikoni, anafuta masinia. Mlango umeegeshwa.

Binti akabonyeza. Gitaa likaingia.

Nilisahau uso. Nilisahau hata kamera. Magitaa mengine huingia kwenye wimbo yakibisha hodi. Lile linaingia kama mwenye nyumba — linavua viatu, linauliza kuna nini cha kula, linakaa. Sikuwa nimelisikia tangu enzi zile. Halafu nikatupa jicho kwenye upenyo wa mlango. Nikaona mkono wa Shemeji juu ya sinia. Mkono wa kulia. Vidole vinatembea ukingoni mwa sinia, vinabonyeza, vinaruka, vinarudi. Vinaijua njia! Mwenyewe anatazama ukuta, kama mkono ni wa mtu mwingine.

Wimbo ukakatika katikati. Kwenye kanda kimya, kiti kikalia, kisha sauti ya mwanamke, kijana, ina kicheko ndani yake: "Tena. Nimekosea mimi."

Binti Kamera akasimamisha, macho kama taa za gari. Mzee! Huyu mwanamke ni nani? Kwenye maboksi yote ya hifadhi hakuna jina la mwanamke hata mmoja!

Nikawa kati ya moto na moto. Nikitaja, Shemeji anakwenda kula chakula kisicho chumvi. Nikinyamaza, binti ananisogelea na kile kijiti cha mikrofoni. Nikatoa la kwanza lililonijia:

— Huyo? Mpika chai.

Jikoni sinia likaanguka. Likazunguka sakafuni, likazunguka, halikutaka kunyamaza. Liliimba ubeti wote.

Jumatatu, 10 Machi

Hakuna chai nyumba hii. Birika liko juu ya kabati, funguo za kabati ziko kwenye fundo la kanga ya Shemeji. Mpika chai, anasema, yuko likizo.

Nikamwendea. Shemeji, si wewe uliyesema usitajwe?

— Nilisema usinitaje. Nilikwambia unitaje vibaya?

— Sasa ningesema ni nani?

— Ungesema hujui! Maisha yako yote hujui mambo chungu nzima, hilo moja likushinde?

Nimekwenda kunywa chai kwa kinyozi. Kinyozi naye kila mteja anayeingia anamwambia: mnamwona huyu? Gwiji! Watu wananipa mkono. Mmoja kaniombea dua. Nikanywa chai yangu kama mtu anayekunywa dawa.

Jumatano, 12 Machi

Jemadari kanivuta nyuma ya mashuka yaliyoanikwa. Akiniita huko najua si mapenzi.

Akanikumbusha gari la sinema. Lilipoleta ule mkanda wakatundika kitambaa cheupe uwanjani, mji mzima ukaja. Mimi nilikuwa mstari wa mbele. Watu waliponiona na gitaa wakapiga mayowe, nami nikainuka nikawapungia — kwa mzaha, nani asingepunga? Nikadhani Shemeji yuko nyumbani na kichanga.

Hakuwa nyumbani. Alikuwa nyuma kabisa ya umati, Upara mgongoni, bado anatembea kwa kujikaza. Jemadari alikuwa kando yake. Anasema Shemeji alipiga makofi kuliko wote. Kisha akamgeukia yeye, mdogo wake, akamuuliza: umeona nilivyopiga?

Hilo sikuwa nalijua.

Yaliyofuata nayajua. Alirudi kwa Bosi, Bosi akamwambia watu sasa wanamtaka yule waliyemwona. Bosi huyo akaja na shauri lake: Shemeji apige nyuma ya pazia, mimi nisimame mbele na koti. Nilishaanza kulipima hilo pazia! Shemeji akasema yeye si panya. Akatoka. Gitaa hajaligusa tena, wala hatujawahi kulizungumzia. Sisi ni watu wa kutaniana, hatuna lugha ya mambo hayo.

Jemadari kanikazia macho. Huyu binti akimaliza filamu yake hivi, kasema, atakuwa amemfuta dada yangu mara ya pili. Na safari hii hatabaki wa kusema. Tazama umri wetu.

— Nimekatazwa kutaja jina.

— Nani kakwambia utaje? Mungu alikupa mdomo tu, kichwani akaweka pamba?

Shuka lilikuwa linanidondokea mgongoni muda wote ule. Nimelowa mpaka fulana. Sikusogea.

Ijumaa, 14 Machi

Binti Kamera kaleta bango la filamu. Ukubwa wa mlango! Uso wangu, koti, gitaa. Juu yake maandishi: GITAA LIMEPATA MWENYEWE. Jumatatu linakwenda kuchapwa. Kesho ndiyo siku ya mwisho ya kupiga picha, halafu kanda zinarudishwa hifadhini, na hifadhi yenyewe inahama jengo — maboksi yatafunguliwa tena lini, hata wao hawajui. Binti ana furaha mpaka anasema haraka haraka. Bado jambo moja linamsumbua: yule mpika chai. Kamsikiliza tena na tena. Anasema, Mzee, mpika chai gani anaomba bendi nzima irudie wimbo?

Nikasema alikuwa mkali sana.

Bango wameliegemeza ukutani sebuleni. Kila anayepita ananisalimia mara mbili.

Alipoondoka, Shemeji katoka uani na fagio. Kasimama mbele ya bango. Nikajikunyata kungoja matusi. Hakuna. Kasogea karibu, kaweka kidole kifuani kwangu, kile kifua cha karatasi, juu ya kifungo.

— Hili koti langu.

Basi. Akaendelea kufagia. Lakini fagio lilipita pahali pamoja mara nyingi, na pahali penyewe palikuwa safi.

Neno lile nimeligeuzageuza kama kitambaa kipya. Hakusema gitaa langu. Hakusema jina langu. Koti. Na mimi shule niliiacha darasa la nne, mwalimu akashukuru, lakini kazi yangu naijua. Mtu akija akasema hili koti ni langu, fundi hana hotuba ya kutoa. Anamrudishia.

Nimefungua bandeji. Nimempigia Profesa wa Nyuzi, aje na gitaa lake zuri, lile analokwenda nalo kwa wakubwa. Kauliza kama vidole vimepona. Nikamwambia vidole vilikuwa vizima siku zote.

Jumamosi, 15 Machi

Naandika kamera ikinitazama! Taa moja imeungua, wanatafuta nyingine, na Binti Kamera kasema, Mzee usikae bure, andika chochote, tunase mikono. Anadhani natunga wimbo. Nimeweka uso wa mtunzi.

Sebule haitambuliki. Waya kila mahali. Profesa kajikwaa, akaiomba stuli radhi. Jemadari kavaa gauni la harusi za watu. Feni imezimwa. Na jokofu je! Binti Kamera kaingia, kanyamaza, kainamisha kichwa, kisha kauliza kama jokofu laweza kuzimwa. Shemeji alikuwa anapita na kikapu kwenda sokoni. Akasimama.

— Kumbe wewe unasikia.

— Linagombana na feni, Bibi. Hata feni ikizimwa bado nasikia linavyogomba.

Shemeji akamtazama tangu viatu vya mwanaume hadi miwani. Ndiyo mara ya kwanza kumtazama kama mtu. Kisha akavuta stuli akaketi pale mlangoni, si ndani si nje, kikapu mapajani. Soko halikimbii, akasema, bila ya kuulizwa.

Chai imetoka leo. Ina sukari. Sijauliza nani kapika, sina wazimu.

Gitaa ninalo mapajani. Zito! Kabla hawajaniketisha nilitoka nalo koridoni, nikawaambia tunataka kufahamiana faraghani. Huko nikazungusha kifungo kimoja pale kichwani mwake. Kidogo sana. Uzi mmoja. Mshono mmoja ukilegea, suti nzima inakosa raha, na yuko mtu ambaye hawezi kuitazama.

Taa imepatikana. Profesa kapiga magoti mbele yangu, macho kwenye vidole. Mzee, ukiwa tayari, kasema Binti Kamera, na hata kalamu usiiweke chini, inapendeza.

Haya. Kidole gumba. Nyuzi zote, mara moja tu.

Nyiiing!

Profesa kakunja uso, kwa adabu. Binti Kamera kajifanya hajasikia. Mlangoni kikapu kimetua sakafuni.

— Uzi wa pili toka juu, kasema Shemeji.

— Nini?

— Wa pili toka juu umelegea! Unalia kama geti. Uwekee mafuta!

Nimegusa wa pili toka juu.

— Siyo huo! Mungu wangu, huyu mtu!

Profesa kaingilia, taratibu, kama anavyowasahihisha wanafunzi wake. Samahani Bibi, ulioharibika ni wa pili toka chini.

— Chini kwako wewe. Kwangu huko ndiko juu.

Profesa bado yuko magotini. Kageuza kichwa polepole kuelekea mlangoni, kisha kwenye gitaa, kisha mlangoni. Mdomo wazi. Mikono yake imeinuka yenyewe, imeshika gitaa lisilokuwepo — kinyume. Shingo kulia. Kashusha mkono hewani: nyembamba kwanza, nene mwisho.

Na Binti Kamera! Mwerevu yule. Kashika tu ile kamera kwa mikono miwili, kaitoa usoni kwangu, taratibu, inakwenda mlangoni. Naiona taa yake nyekundu. Inanasa.

Sijataja jina. Jemadari ni shahidi, yuko pale kwenye kona anauma kitambaa.

Shemeji kasimama. Hawatazami wao, ananitazama mimi. Kanishtukia! Anajua uzi haukujilegeza. Ana uso ule ule wa siku aliponivalisha koti, sikuwa nimeuona tena tangu hapo. Kikapu kiko miguuni kwake na mlango wa nje uko wazi. Akitaka, ataondoka. Anafungua vidole, anavifumba.

Naandika huku mkono unapinda, msomaji nisamehe, msomaji ni mimi. Kwa kushoto nimelishika gitaa, nimelinyoosha mpaka kwake, shingo nimeigeuza ielekee kulia kwake.

— Shemeji, nimemwambia, lile jambo langu dogo. Naliomba leo. Wala si kubwa. Nikazie huu uzi mmoja tu.